Wizi wa Kazi ya Mafundi katika Dunia ya Kompyuta
Ndugu wafanya kazi,
Leo twataka kusema juu ya mafundi wa Second Life, dunia ya kompyuta iliyofunguliwa mwaka 2003 na kampuni ya Linden Lab ya Marekani. Humo watu hutengeneza nguo na nyumba za kuonekana tu, huziuza kwa dola za Linden, na dola hizo hubadilishwa kuwa fedha halisi. Fundi ndiye huamua kama mnunuzi aweza kukinakili kitu, kukigeuza au kumpa mwingine.

Novemba 2006 ikaja programu iitwayo CopyBot, ikanakili bila kujali amri ya fundi. Wenye maduka wengi wakayafunga. (Silaha hiyo twaijua!) Kampuni ikatangaza kwamba anakiliye hivyo bila ruhusa aweza kufukuzwa.

Lakini ndugu, kufuli la kutosha halikupatikana, kwa kuwa picha ikisha kufika katika kompyuta ya mtazamaji, yaweza kunakiliwa. Basi fundi hutegemea sheria ya Marekani ya mwaka 1998: huiandikia kampuni, nayo hukiondoa kilichoibwa. Kumtafuta mwizi ni juu yake mwenyewe, baada ya kutwa nzima ya kazi, na asipolalamika yeye, kitu chake kitaendelea kuuzwa.