Deni la aiskrimu

Waliozoea kunisikia nikilalamikia barabara na mifereji ya maji machafu waniwie radhi. Leo nina habari ya aiskrimu.

Mimi ni baba wa watoto watatu, na watoto hao walikuwa wananidai. Mara tatu nimewaahidi kuwapeleka ufukweni kula aiskrimu, na mara tatu ahadi imekufa. Mara ya kwanza mshahara ulichelewa. Mara ya pili tukapata msiba. Mara ya tatu, niseme kweli tu kwa kuwa mama watoto ananisikiliza, nilikwenda kuangalia mpira. Basi Jumamosi moja asubuhi nikafungua mdomo niahidi mara ya nne. Yule wa kati, binti wa darasa la sita, akanijibu kwa adabu kabisa, "Haya, baba," akaendelea kufua soksi zake. Ile "haya" iliniuma kuliko kama angelia.

Nikatoka, nikaenda kununua barafu.

Jokofu tunalo, lakini sehemu yake ya kugandishia ilikwisha choka siku nyingi. Kazi yake ni kupoza maji tu. Mashine ya aiskrimu ndiyo usiseme. Lakini nilipokuwa kijana niliwahi kumwona mpishi mmoja wa harusi akigandisha maziwa kwa kopo, barafu na chumvi, pasipo umeme wowote. Na hata mashine ya mkono ambayo bibi mmoja wa Marekani, Nancy Johnson, aliipatia hati ya ugunduzi mwaka 1843, msingi wake ulikuwa huo huo: chombo ndani ya chombo, barafu na chumvi katikati, na mkono wa kuzungusha.

Mama watoto akachukua upande wa maziwa, maana huko mimi sitakiwi. Alichemsha lita moja ya maziwa ya ng'ombe taratibu mpaka yakapungua kama robo, akatia sukari vijiko vinane vya chakula na iliki ya kutwanga, kisha akaiweka sufuria ndani ya beseni la maji mpaka ikapoa. Mayai hakutia, na mimi nasema heri, kwa sababu mayai mabichi kwa watoto ni kutafuta safari ya hospitali. Mimi na wanangu tukatia barafu kilo nne ndani ya gunia safi, tukaiponda kwa mchi. Majirani walidhani tunatwanga kisamvu.

Maziwa yakaingia katika kopo la maziwa ya unga, yakafika nusu tu, kwa kuwa yakiganda hufura. Kopo likafungwa mfuniko, likawekwa ndani ya ndoo ya lita kumi yenye mfuniko wa kubana. Pembeni tukapanga tabaka la barafu, tabaka la chumvi ya mawe, tabaka la barafu, hadi juu. Chumvi ilikwenda kilo nzima. Hapo ndipo binti yangu akauliza:

"Baba, chumvi si inayeyusha barafu? Sasa tutagandishaje maziwa kwa barafu inayoyeyuka?"

Wasikilizaji, nikamwambia, "Wewe bingirisha ndoo, maswali baadaye." Sababu ilikuwa moja tu. Nilikuwa sijui.

Ndoo ikabingirishwa ukumbini, kutoka mlangoni hadi jikoni na kurudi. Mdogo alikuwa golikipa. Baada ya nusu saa tukafungua kwa shangwe, tukaonja, na sote tukatema. Maji ya chumvi yalikuwa yamepenya kwenye mfuniko wa kopo. Lita moja ya maziwa imekwenda na maji! Nilimtazama binti yangu nikaiona ile "haya" inarudi usoni.

Mama watoto hakusema neno. Alitoa fedha kwenye kitambaa chake, akamtuma mkubwa maziwa mengine, na mimi nikarudi kwa muuza barafu. Safari hii kopo tulilivika mifuko miwili ya nailoni, tukaifunga kwa mpira. Kila baada ya dakika kumi tulilitoa, tukalipangusa vizuri kabla ya kulifungua, tukakwangua yaliyoganda pembeni na kuyakoroga na ya katikati, kwani usipokoroga utapata jiwe la maziwa. Barafu yenye chumvi huunguza ngozi mithili ya moto, kwa hiyo kila aliyeshika kopo alivaa zile soksi zilizofuliwa asubuhi. Dakika arobaini hivi, tukala. Ilikuwa laini, ina iliki, na ilikwisha kabla sijaongeza.

Usiku nikatafuta jibu nililokuwa nadaiwa. Barafu haiwezi kuyeyuka bila kunyonya joto kutoka kwa kilicho karibu nayo. Barafu tupu huyeyuka kwenye nyuzi sifuri, basi, na ubaridi huo hautoshi kugandisha maziwa yenye sukari. Ukiitia chumvi, inaendelea kuyeyuka hata chini ya sifuri, na joto inalolihitaji inalinyonya kutoka kwenye kopo. Mchanganyiko ukiwa mzuri kabisa unaweza kushuka hadi karibu nyuzi 21 chini ya sifuri. Kwa hiyo mtoto aliona sawasawa. Kule kuyeyuka ndiko kunakogandisha.

Na katika kutafuta nikakumbuka kisa kilichonitia aibu. Mwaka 1963 kijana Erasto Mpemba, wa kidato cha tatu katika shule ya sekondari ya Magamba, Lushoto, alikuwa akitengeneza aiskrimu na wenzake. Nafasi kwenye friza ilikuwa inagombaniwa, naye akaingiza maziwa yangali moto. Yakaganda kabla ya yale ya mwenzake ambayo hayakuchemshwa. Alipouliza sababu, mwalimu akamwambia amechanganyikiwa. Baadaye, akiwa Mkwawa, Iringa, alimwuliza tena Dakta Denis Osborne aliyetoka chuo kikuu cha Dar es Salaam. Wenzake walicheka. Osborne alikwenda kupima, na mwaka 1969 wakaandika pamoja katika jarida la fizikia. Mpaka leo wataalamu wanabishana kama jambo hilo hutokea kila mara au hata kama lipo, lakini jina wanalolitumia wakibishana ni la Mpemba.

Jumapili asubuhi nikamwita binti yangu, nikamweleza habari ya chumvi, kisha habari ya Mpemba, na nikamwambia kwamba jana sikuwa na jibu. Akafikiri kidogo. Akauliza kama jirani anaweza kutuazima nafasi ya vikombe viwili kwenye friza yake, kimoja cha maziwa ya moto na kimoja cha baridi. Jirani amekubali. Ni Jumamosi hii saa nne asubuhi, na mimi nimepangiwa kushika saa. Mpira nitasimuliwa.