Gerwig hakuanzia kwa Barbie

Msikilizaji, wanaomfahamu mwongozaji Greta Gerwig kwa filamu ya Barbie ya mwaka 2023, iliyovuna zaidi ya dola bilioni 1, wamemjua ukubwani. Alianzia kwenye filamu huru za Marekani, zile za pesa kiduchu, waigizaji wakijitungia maneno papo hapo. Humo ndimo alimosomea kazi. Hannah Takes the Stairs aliigiza na kushiriki kuiandika. Nights and Weekends, ya 2008, akaiongoza pamoja na mwongozaji mwenzake Joe Swanberg. Kwa hiyo Lady Bird, filamu aliyoiongoza 2017, haikuwa kubahatisha kwa mwigizaji aliyechoka kamera. Ilimpa uteuzi wa Oscar wa uongozaji, akawa mwanamke wa tano tu kuteuliwa hivyo tangu tuzo hizo zianze. Kwa Barbie, ajabu, aliteuliwa katika uandishi; uongozaji wakamruka.