Alichoacha Kufanya Mama wa Vitumbua: Hofu ya Uhalifu na Mienendo Yetu Mitaani

Mada kwa semina ya wenyeviti wa serikali za mitaa, maofisa maendeleo ya jamii na polisi kata, Dar es Salaam



Nianze na mama mmoja wa mtaani kwetu anayeuza vitumbua. Kwa miaka mingi alikuwa akitoka nyumbani saa 10 alfajiri, ndoo ya unga uliokwisha kuumuka kichwani, jiko la mkaa mkononi, akitembea robo saa hadi kituo cha daladala. Ikifika saa 11 vitumbua vya kwanza vimeiva, na wateja wake ndio hao wanaowahi magari ya mwanzo: walinzi wanaokwenda kupokea zamu, wachuuzi wa Kariakoo na Feri, vibarua wa ujenzi. Alfajiri moja, kwenye uchochoro unaopita kati ya kuta mbili, vijana wawili wakamkaba. Walichukua simu ya kitochi na shilingi 12,000 za mafuta na sukari. Hawakumpiga, ila ndoo ilianguka na unga wote ukamwagika.

Tangu siku hiyo anatoka saa 12, kumekwisha kupambazuka. Wateja wa saa 11 wameshapita, na mauzo, anavyosema mwenyewe, yamebaki nusu. Fedha anazitenga mara mbili: noti ya elfu moja au mbili kwenye pochi, anazoziita "za wezi", na nyingine amezifunga kwenye pindo la khanga ya ndani. Binti yake wa darasa la saba, aliyekuwa akimfuata kumsaidia kabla ya kwenda shule, sasa hatoki mpaka jua lichomoze. Wale vijana walichukua 12,000 mara moja. Alichokwisha kupoteza tangu hapo kimeizidi fedha hiyo mara nyingi, na hakuna daftari la kituo cha polisi lenye nafasi ya kukiandika.

Hoja yangu leo ni hiyo. Usalama wa mtaa tumezoea kuupima kwa matukio yaliyoripotiwa. Naomba tuupime pia kwa mambo ambayo watu wameacha kuyafanya.

Aliyeibiwa na aliyesikia

Aliyeibiwa na aliyesikia habari za wizi wote huogopa, lakini hawaogopi namna moja. Nazungumza kama mtu aliyepitia hali zote mbili. Miaka kadhaa iliyopita nilipokonywa simu nikiwa ndani ya bajaji, na vijana waliopakiana kwenye pikipiki, hawa tunaowaita vishandu. Hofu niliyobaki nayo ilikuwa na mipaka: simu haitoki mfukoni barabarani, nakaa katikati ya kiti, na mlio wa pikipiki inayokuja nyuma unanifanya nigeuke hata leo. Nilijua ninaogopa nini, wapi na saa ngapi.

Hofu ya kusikia haina mipaka hiyo. Mnakumbuka Ijumaa ya tarehe 2 Januari 2015, jioni ile ya panya road. Yapo maeneo ambako makundi ya vijana yalivamia watu kweli, na waliojeruhiwa na kuporwa walikuwapo. Lakini taarifa zilikimbia kuliko vijana wenyewe. Simu zilikuwa zikiita mfululizo: wapo Magomeni, wapo Sinza, wanakuja huku. Nilikuwa duka la dawa nikimnunulia mtoto dawa ya homa. Mwenye duka alishusha geti na sisi wateja sita tukiwa ndani, akazima taa, tukakaa kimya gizani karibu saa nzima. Mama mmoja alikuwa amemwacha mwanawe mdogo nyumbani na ndugu yake mkubwa wa miaka 9, akawa anapiga simu isiyopokelewa. Kwenye barabara ile hakupita panya road hata mmoja. Hata hivyo, kwa wiki nyingi baadaye maduka pale yalifungwa saa 1 usiku badala ya saa 4.

Jambo hili wachunguzi wamelitazama zamani. Mwaka 1981 Wamarekani Wesley Skogan na Michael Maxfield walitoa kitabu kilichotokana na utafiti wa miji ya Chicago, Philadelphia na San Francisco, wakaonesha kwamba wanaoogopa ni wengi kuliko walioibiwa, kwa kuwa habari ya tukio moja hupita mdomo kwa mdomo ikawafikia watu wasiohesabika. Siku hizi mdomo umeongezewa kundi la WhatsApp la mtaa. Video ya tukio la mkoa mwingine, la mwaka juzi, inatumwa leo na maneno "jamani tuwe makini," na jioni hiyo mzazi anamzuia mtoto kwenda kuchota maji.

Nisieleweke kwamba hofu ya aliyesikia ni upuuzi. Uingereza ilipofanya utafiti wake wa kwanza wa kitaifa wa wahanga wa uhalifu mwaka 1982, ilionekana kwamba wanawake na wazee ndio wanaoogopa zaidi, ilhali wanaodhuriwa zaidi mitaani ni vijana wa kiume. Wapo waliosema basi hofu ya wanawake haina msingi. Sikubaliani nao. Mwanamke anayepita kijiweni akaitwa majina, akashikwa mkono, akafuatwa hatua ishirini, hana kesi ya kupeleka kituoni, lakini ameshaonywa. Kwake mtu anayetaka pochi na mtu anayetaka mwili wake hawatofautiani mpaka dakika ya mwisho, kwa hiyo kila wizi anaouogopa una ubakaji nyuma yake. Akiacha masomo ya jioni, akikataa kazi ya hoteli kwa sababu zamu inaisha saa 5 usiku, akilipa bodaboda anayemfahamu nauli mara mbili ya daladala, anakuwa amepiga hesabu ya hatari aliyoiona kwa macho yake.

Nondo, kuta na baraza

Angalieni nyumba zetu. Dar es Salaam ilifanyiwa uchunguzi wa wahanga wa uhalifu mwaka 2000, wakati wa mpango wa Miji Salama uliosimamiwa pamoja na Umoja wa Mataifa, na uvunjaji wa nyumba ulikuwa miongoni mwa uhalifu uliowasumbua sana wakazi. Mtu akijenga siku hizi, nondo za madirisha zinaingia kwenye hesabu kabla ya rangi. Baadaye ukuta, juu ya ukuta vipande vya chupa, mwenye uwezo zaidi anaweka nyaya za umeme. Aliyeshindwa ukuta anafuga mbwa. Aliyeshindwa mbwa analala na panga uvunguni.

Simlaumu yeyote kwa kulinda watoto wake. Ila nyumba zetu za zamani za Kariakoo, Ilala na Magomeni zilikuwa na baraza mbele, inayotazama barabara. Wazee walikaa pale na bao lao, kina mama wakisukana jioni, na kijana mgeni hakupita bila kuulizwa ni wa nani na anakwenda wapi. Jane Jacobs, Mmarekani aliyeandika juu ya maisha ya miji mwaka 1961, alisema mtaa hulindwa kwanza na macho ya watu wake wa kawaida. Bibi zetu waliyajua hayo bila kitabu. Tumezungushia baraza nondo, tumejenga ukuta mbele yake, na macho yote yamehamia ndani kwenye televisheni. Uchochoro alimokabwa mama wa vitumbua ulikuwa njia pana iliyopita mbele ya mabaraza manne. Kuta mbili zilizojengwa kwa ajili ya usalama ndizo zilizoufanya uchochoro.

Kwa hiyo hofu hujizalisha. Mmoja anajifungia, njia inabaki na watu wachache, aliyebaki anaogopa zaidi, naye anajifungia. Genge la nyanya likifungwa saa 1, taa yake inazimika, na aliyekuwa akipita kwa kutegemea taa ile anabadili njia. Wanaobaki barabarani usiku ni wale wasio na hiari na wale tunaowaogopa. Tena nondo zile zile, moto ukizuka usiku, humzuia mwenye nyumba kutoka na jirani kuingia.

Yapo mabadiliko yaliyotuletea nafuu, nayo niyataje. M-Pesa ilipoanza Kenya mwaka 2007 na kufika kwetu mwaka 2008, wasafiri waligundua haraka kwamba unaweza kuweka fedha kwenye simu unapoanza safari na kuzitoa ukifika. Mfanyabiashara aliyekuwa akisafiri na mamilioni yaliyoshonewa kwenye nguo leo anasafiri na nauli tu. Mwizi naye amefuata huko, kama anavyojua kila aliyepokea ujumbe wa "ile pesa tuma kwenye namba hii." Lakini kisu hakipo kwenye ujumbe.

Hofu inapotoka nje

Hofu haiishii kumfungia mtu ndani. Huwakusanya watu pia, na hapo ndipo tunapohitaji uangalifu mkubwa. Mwanzoni mwa miaka ya 1980, Usukumani na Unyamwezini, wizi wa ng'ombe ulikuwa umetisha, silaha zimezagaa baada ya vita vya Kagera, na wananchi walikata tamaa na polisi na mahakama. Wakaunda sungusungu. Yowe la kuitana, ambalo Wasukuma huliita mwano, likipigwa, kila mwanamume alitoka na upinde wake. Wizi wa mifugo ulipungua sana, serikali ikawaunga mkono, na mwaka 1989 sheria ikawatambua kwa kuifanyia marekebisho sheria ya mgambo. Ulinzi shirikishi tunaousimamia leo mitaani una mizizi hapo. Lakini sungusungu hao hao, sehemu kadhaa, waliwageukia vikongwe waliodhaniwa wachawi, wakawafukuza na hata kuwaua.

Mjini tuna "mwizi!" Neno moja, na ndani ya dakika tano kuna matofali, tairi na petroli. Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu kimekuwa kikieleza mauaji haya katika ripoti zake za kila mwaka. Nimezungumza na kijana aliyewahi kurusha jiwe. Aliniambia hakumjua aliyepigwa na hakuona alichoiba. "Mwezi ule nilikuwa nimeibiwa redio," akasema, "nikawa nalipa." Ibara ya 13 ya Katiba inakataza mtu kutendewa kama mkosaji kabla hajathibitika kuwa na hatia. Kijana yule ni mpole, ana mke na mtoto, na hakupata mahali pengine pa kuipeleka redio yake.

Mahali hapo palipaswa kuwa kituo cha polisi, na ndugu zetu askari wataniwia radhi. Mimi niliporipoti simu yangu, kwenye kituo nisichokitaja, nilipewa namba ya RB kwenye kipande cha karatasi na kuambiwa nikipata fununu nirudi. Sikupigiwa simu hata mara moja. Sikutegemea simu irudi. Nilitaka mtu aniambie kwamba wale vijana wanajulikana, au hawajulikani, au kwamba barabara ile imewekewa doria. Kimya kile kilinifundisha kutoripoti, na jirani yangu alipoibiwa nilimwambia asijisumbue. Nayajutia maneno hayo, kwa sababu ndivyo mtaa unavyopotea kwenye takwimu: kwenye daftari umetulia, na watu wake wamejifungia kuanzia saa 1.

Ninachopendekeza hakihitaji bajeti kubwa. Kwenye mkutano wa mtaa, pamoja na kuuliza nani kaibiwa, mwenyekiti aulize: tangu mkutano uliopita, umeacha kufanya nini kwa sababu ya hofu, wapi, na saa ngapi? Wanawake waulizwe peke yao, maana mbele ya wanaume wengi hawatasema. Majibu yachorwe kwenye ramani ya mtaa, hata ya mkono, na doria ya ulinzi shirikishi ipangwe kuifuata ramani hiyo. Polisi kata ampigie kila mwenye RB ndani ya wiki mbili, hata kama hana jipya la kumwambia. Na anayeomba kujenga ukuta kando ya njia ya watu aoneshwe kwanza njia ile itabakije.

Kabla ya kuja hapa nilimuuliza mama wa vitumbua angehitaji nini ili arudie saa 10. Nilidhani atataja polisi. Alifikiri kidogo huku akigeuza vitumbua, akasema taa moja pale uchochoroni, na mtu mmoja wa doria wa kuongozana naye hadi kituoni. Wa doria, alisema, humaliza zamu saa 9 na nusu na kupita mlangoni kwake wakirudi kulala. Nusu saa tu. Nimekuja na namba ya simu ya kiongozi wao, na mwenyekiti wa mtaa huo yumo humu ukumbini.