Bunduki na Mchezo wa Kazini
(Maneno yaliyosomwa mbele ya wanachama wa reli, Ziwa)



Tumeombwa kusema juu ya maandiko ya Bwana Michael Burawoy, Mwingereza mwenye elimu ya jamii, aliyefariki mwaka 2025. Sisi tuliishia shule ya msingi ya misheni, na vitabu vyake si vyepesi. Tulivisoma polepole jioni baada ya kazi, na tumekuta mambo yetu wenyewe ndani yake.

Lakini kwanza tutazame hapa jirani. Mwaka 1930 serikali ya kikoloni ilitunga sheria kwamba ardhi ya Waafrika imewekwa kwa ajili yao milele, na sehemu ikichukuliwa, watapewa ardhi nyingine badala yake. Mwaka 1931 dhahabu ikaonekana Kakamega. Walowezi, hata wa huku kwetu Uasin Gishu, waliokuwa wametaabishwa na nzige na bei mbaya ya mahindi, wakakimbilia huko. Disemba 1932 sheria ikageuzwa: fidia yaweza kuwa fedha tu, wala si lazima baraza la wenyeji liulizwe kwanza. Milele ile ilidumu miaka miwili. Mgodi mkubwa wa Rosterman ulifungwa mwaka 1952, na wazee wa huko wangali wanaonyesha mashimo. Kalamu ilifanya kazi hiyo, maana kila mtu alijua kwamba nyuma ya kalamu wako askari.

Kwenye shaba ya Rhodesia ya Kaskazini, ndiyo Zambia ya leo, kalamu haikutosha. Mei 1935 wachimbaji waligoma kwa sababu ya kodi iliyopandishwa, na huko Luanshya wakauawa watu 6. Mwaka 1940, huko Nkana, wagomaji walipigwa risasi tena, wakafa zaidi ya 10.

Bwana Burawoy alifika Zambia mwaka 1968, uhuru ukiwa tayari, akapata kazi katika ofisi ya kampuni za migodi mjini Kitwe. Hapo aliona yaliyokuwa yakipita mezani, na mwaka 1972 akayatoa katika kitabu. Alisema hivi: Mwafrika akipandishwa cheo cha Mzungu, Mzungu hakuondoka. Alitengenezewa cheo kingine juu yake, na yule Mwafrika akakuta kiti kimebaki lakini amri imehama. Ukuta wa rangi haukubomolewa, ulisogezwa juu. Na serikali mpya, ambayo kuanzia 1970 ilikuwa na asilimia 51 ya migodi, ikawaambia wachimbaji wasidai sana, watumikie taifa. Nani kati yetu hajapata kuambiwa hivyo?

Baadaye akaenda Marekani. Mwaka 1974 alishika mashine katika karakana moja karibu na Chicago, miezi 10, mikono yake ikijaa mafuta. Sisi hapa ndipo tulipompenda, maana wasomi wengi hutuuliza maswali na koti safi. Swali lake lilikuwa la ajabu. Wengine huuliza kwa nini wafanyakazi hawafanyi kazi zaidi. Yeye akauliza kwa nini wanafanya kazi kwa bidii namna ile, na hakuna askari mlangoni. Jibu lake: kazi imefanywa mchezo. Kila mtu anashindana kufikia kiasi kinacholeta nyongeza. Anayekifikia hujiona bingwa, asiyekifikia huona haya. Hata hivyo hawakuvuka asilimia 140, wakijua wakivuka, kipimo kitapandishwa. Farao aliwanyima matofali yake majani. Hawa hawakuhitaji Farao, walihimizana wenyewe.

Sasa tuseme letu. Mnajua ubao uliotundikwa mahali petu pa kazi, unaoandika kila genge limebadilisha mataruma mangapi kwa juma. Tulicheka siku ya kwanza. Juma la pili tulikuwa tukiufungua mlango mapema kwenda kuusoma. Juma la nne mwenzetu mmoja alipondwa vidole viwili, kwa sababu tulikuwa nyuma ya genge la pili na hatukungoja chuma kingine cha kuinulia reli. Nyapara hakututukana, wala hakutuhimiza siku ile. Tuliharakishana wenyewe, na tuliokuwa tukipiga kelele zaidi ndio sisi tunaosimama hapa.

Mwenzetu huyo bado hajalipwa fidia. Katibu amekwisha kuandika barua. Katika mkutano wa mwisho wa mwezi tutaamua kama chama kidai ubao uondolewe, au tuwe na kiasi chetu kimoja kwa magenge yote mawili. Wa genge la pili, tafadhali njoni na vipande vyenu vya mshahara, tuone ile nyongeza ilikuwa shilingi ngapi.