Matembezi Katika Chuo cha Chuma na Kioo

(Hotuba iliyotolewa na mmoja wa wanafunzi wa zamani katika mkutano wetu wa mwaka. Msemaji alikuwa fundi sanifu wa majengo kwa miaka 30 kabla ya kustaafu.)



Nimepewa dakika ishirini. Nitajitahidi nisizizidishe, maana sijasahau jinsi sisi wenyewe tulivyokuwa tukiwatazama wageni wa aina yangu, huku harufu ya pilau ya sikukuu ikitufikia kutoka jikoni.

Mwaka 2019 binti yangu, ambaye anafanya kazi katika jiji la Chicago, huko Marekani, aliniita nikamtembelee. Nilipokwisha pumzika akaniuliza, "Baba, ungependa kuona nini?" Nikamjibu pale pale kwamba nataka kupelekwa katika chuo kikuu kiitwacho Illinois Institute of Technology. Alishangaa kidogo. Sababu yangu ilikuwa hii: nilipokuwa nikisomea ufundi, mwalimu wetu alikuwa amebandika ukutani picha ya jengo moja la chuo hicho, ukumbi mkubwa usio na nguzo hata moja ndani yake. Tulibishana sana jinsi paa lile linavyokaa. Nikasema, nisife kabla sijaliona.

Basi tulikwenda, tukajiunga na watu wengine kama kumi, tukatembezwa kwa miguu na msichana mmoja mwanafunzi wa hapo. Alikuwa mdogo kama hawa dada zenu wa kidato cha sita, lakini alijua kazi yake. Hakutuharakisha, na kila alipotaka kusema jambo alisimama kwanza akangoja wazee tumfikie.

Alianza na historia. Chuo hicho kilipata jina lake mwaka 1940, vilipounganishwa vyuo viwili vya zamani, Armour na Lewis. Miaka miwili kabla ya hapo alikuwa amefika Mjerumani mmoja, Ludwig Mies van der Rohe, kuongoza idara ya usanifu wa majengo. Huyu ndiye aliyekuwa mkuu wa mwisho wa shule mashuhuri ya Bauhaus huko Ujerumani, iliyofungwa mwaka 1933 chini ya utawala wa Wanazi. Akapewa kazi ambayo wasanifu wachache huipata: kuchora chuo kizima.

Alichofanya ni kuigawa ardhi yote kwa miraba ya futi 24 kwa 24. Nguzo za majengo zikafuata miraba hiyo. Madarasa, maabara, karakana, vyote vilizaliwa katika kipimo kimoja. Ndiyo maana ukisimama katikati ya chuo hicho huoni jengo linalomzomea mwenzake. Chuma kimepakwa rangi nyeusi, matofali ya kuchoma yana rangi ya mchanga, na mahali palipobaki ni kioo.

Kisha tukasimama penye pembe ya jengo liitwalo Alumni Memorial Hall, la mwaka 1946. Maana yake ni Ukumbi wa Ukumbusho wa Wanafunzi wa Zamani, kwa hiyo nikajiona niko kwetu. Msichana akatuambia tuitazame pembe hiyo vizuri. Sheria za moto zilitaka nguzo za chuma zifunikwe kwa zege. Kwa hiyo chuma kinachobeba nyumba hakionekani. Mies akaweka chuma kingine nje, ili mtazamaji ajue kilichomo ndani. Lakini chuma hicho cha nje hakikufikishwa chini. Kinakoma juu kidogo ya ardhi, na chini yake ni matofali tu. Yaani chenyewe kinakukiri mbele ya macho yako kwamba, "Bwana, mimi sibebi kitu." Nimejenga miaka 30, na sikuwahi kufikiri kwamba pembe ya nyumba inaweza kusema kweli au uongo.

Hatimaye tukafika Crown Hall, jengo la picha ya mwalimu wangu. Lilikamilika mwaka 1956. Urefu wake ni futi 220, upana futi 120, na dari iko futi 18 juu ya sakafu. Ndani ni chumba kimoja, na wanafunzi wa usanifu wanafanya kazi humo pamoja, wa mwaka wa kwanza akiwaona wa mwaka wa mwisho. Siri ya paa nayo niliiona kwa macho yangu. Juu ya jengo, upande wa nje, imepita mihimili minne mikubwa ya chuma, ikishikwa na nguzo zilizo nje ya kuta. Paa halikukalia kitu. Limening'inizwa kutoka juu. Nilimwambia binti yangu, "Mwanangu, sisi tulibishana miaka yote tukitafuta kilichoko chini, kumbe jibu liko juu." Akacheka.

Ndugu zangu, kama ziara ingeishia hapo, leo ningewapigeni soga ya chuma na kioo nikakaa. Lakini yule msichana alituzungusha upande wa pili wa Crown Hall, akatuuliza: "Mnadhani hapa palikuwa na nini kabla?" Mzee mmoja akajibu, "Uwanja." Wengine tukaafiki. Akatikisa kichwa.

Akasema, hapa palikuwa na jengo la fleti la ghorofa nne lililoitwa Mecca. Lilijengwa mwaka 1892, likakusudiwa kupokea wageni wa Maonyesho makubwa ya Dunia yaliyofanyika Chicago mwaka 1893. Ndani lilikuwa na kumbi mbili ndefu zilizopata mwanga kutoka paa la vioo, na vibaraza vyenye vyuma vya nakshi vilivyozunguka kila ghorofa. Wapangaji wa kwanza walikuwa Wazungu. Baadaye, Wamarekani weusi walipohama kwa wingi kutoka majimbo ya kusini wakikimbia dhuluma na kutafuta kazi, mtaa huo wa Bronzeville ukawa wao, na Mecca likajaa familia zao. Kuna hata wimbo uliorekodiwa mwaka 1924 kwa jina la jengo hilo. Mshairi Gwendolyn Brooks, ambaye mwaka 1950 alikuwa mtu mweusi wa kwanza kupata tuzo ya Pulitzer, aliwahi kufanya kazi humo akiwa kijana, na mwaka 1968 akatoa kitabu kiitwacho In the Mecca.

Chuo kilipotaka kupanuka, kililinunua jengo hilo ili kulibomoa. Ni kweli kwamba lilikuwa limechakaa, na watu walisongamana humo. Lakini wapangaji walikuwa na swali moja tu: tukitoka hapa twende wapi? Wakati ule mtu mweusi hakuweza kupanga popote atakapo katika jiji lile. Walipinga kwa miaka mingi, mikutano ikafanyika, mambo yakafika hadi kwa wabunge wa jimbo. Mwisho walitolewa, na mwaka 1952 Mecca likavunjwa. Miaka minne baadaye, Crown Hall likawa limesimama mahali pake.

Kisha msichana akatuambia jambo ambalo lilinikaa moyoni. Mwaka 2018, mwaka mmoja tu kabla yetu, mafundi waliokuwa wakichimba karibu na Crown Hall walikuta chini ya udongo sakafu ya vigae. Ilikuwa sakafu ya Mecca. Miaka 66 ilikuwa imelala pale, na wanafunzi wakipita juu yake.

Tulimaliza ziara katika jengo jipya, lililochorwa na Mholanzi Rem Koolhaas na kufunguliwa mwaka 2003. Juu yake inapita reli ya jiji, iliyoinuliwa juu ya nguzo, nayo wameivisha bomba kubwa la urefu wa futi 530 ili kelele za treni zisiwasumbue watu. Lakini lililonifurahisha ni jambo jingine. Kabla ya kuchora, waliangalia kwanza njia za mkato ambazo wanafunzi walikuwa wamezoea kupita katika kiwanja hicho. Njia zile zile ndizo zikawa ujia wa ndani ya jengo. Nikasema moyoni, kumbe inawezekana kuwauliza watu kabla ya kujenga, hata kama ni kwa kuzitazama nyayo zao.

Sasa nije nyumbani.

Wazee wenzangu wa kamati mnajua ninakoelekea. Mwaka uliopita tulikubaliana kwamba vile vyumba vinne nyuma ya jiko, walimokuwa wakikaa wapishi na mlinzi wa usiku, vivunjwe ili tujenge maabara ya kompyuta. Mimi nilinyosha mkono, tena nilikuwa wa kwanza. Nilisema, kwa sauti ya kitaalamu, kwamba msingi umeliwa na mchwa na bati zimekwisha. Hayo yote ni kweli, na leo siyakanushi.

Lakini juzi niliingia mle, nikapita kati ya madawati mabovu yaliyorundikwa. Katika ukuta wa chumba cha pili bado kuna mistari ya mkaa, mitano mitano, ambayo mpishi wetu alikuwa akihesabia magunia ya unga. Nikasimama nikakumbuka mwaka wa njaa, ambapo mistari ile ilikuwa michache, na bado hatukulala bila kula. Nani kati yenu vijana anajua jina la mzee yule? Nani kati yetu wazee aliwahi kuliandika popote? Katika jarida letu hili tumechapisha picha za wakuu wa shule wote. Ya mpishi haimo hata moja.

Tena niwaambieni la aibu yangu mwenyewe. Katika kazi niliwahi kutia sahihi kuvunjwa kwa safu nzima ya nyumba za vibarua, katika mji fulani. Sikupima, sikupiga picha, sikuuliza nani alikaa humo. Leo pana gereji pale, na hata mimi siwezi kukuonyesha mlango ulikuwa wapi.

Kwa hiyo sisemi maabara isijengwe. Vijana hawa wanaihitaji, na mchango wangu nimekwisha mkabidhi mweka hazina. Ninaomba mambo matatu tu. Kwanza, kubomoa kungoje muhula mmoja. Pili, katika muhula huo wanafunzi wa kidato cha tatu wavipime vyumba hivyo, wachore ramani, wapige picha ukuta ule, na wawaendee watoto na wajukuu wa wapishi hapo kijijini wakaandike majina. Nitawafundisha mwenyewe, na futikamba yangu ya kazini ninaikabidhi shule leo. Tatu, majina hayo yaandikwe kwenye ukuta wa maabara mpya, mahali pa kuonekana. Chuma cha pembe ya Chicago kinakiri kwamba hakibebi kitu. Nasi tukiri nani walitubeba.

Kura ni yenu. Lakini kabla ya kupiga kura, leo saa tisa alasiri, baada ya chakula, mimi nitakuwa kiongozi wa matembezi. Tutaanzia kwenye mwembe, pale linaponing'inia rimu la lori ambalo ndilo kengele yetu, tupite madarasani, mabwenini, tuishie nyuma ya jiko. Hakuna kiingilio. Wazee wenye magoti mabovu tutawangoja, kama nilivyongojwa mimi.