"Au Elimu Inayolingana": Mwamuzi ni Nani?

Hotuba iliyotolewa mbele ya mkutano wa wanafunzi wa zamani



Nimeombwa niseme juu ya kazi yangu. Kwa zaidi ya miaka kumi nimeshughulikia maombi ya ajira serikalini, na leo nitasema juu ya maneno matatu tu yanayoonekana katika matangazo ya kazi: "au elimu inayolingana". Ni maneno mepesi kuyasoma, lakini yamewafikisha watu mahakamani, na yamewarudisha vijana wetu nyumbani wakiwa na vyeti halali mkononi.

Tutofautishe kwanza mambo mawili. Mwezi Aprili 2017, uhakiki wa vyeti ulitaja watumishi 9,932 kuwa na vyeti vya kughushi. Hiyo ni jinai, nami sina la kuongeza. Nasema juu ya mtu mwenye cheti cha kweli, alichokitolea jasho, naye anaambiwa: hiki sicho tulichotaka.

Wengi wetu hudhani kwamba elimu ya juu humeza ya chini. Mahakama hazioni hivyo siku zote. Tazameni India, nchi iliyorithi sheria za Kiingereza kama sisi, ambako mashauri ya namna hii ni mengi. Katika jimbo la Kerala, watu wenye shahada ya uhandisi wa umeme waliomba kazi iliyotaka stashahada. Mahakama ya Juu iliwapa haki, kwa sababu kanuni za jimbo lile zilikubali elimu ya juu ambayo mtu haipati ila awe amekwisha ivuka ile ya chini. Lakini mwaka 2018, katika shauri lililotoka Jammu na Kashmir, Mahakama hiyo hiyo iliwakatalia wenye stashahada walioomba kazi ya ufundi iliyotaka cheti cha ufundi stadi wa umeme. Huko kanuni kama ya Kerala haikuwapo. Mahakama ilisema kwamba kupanga sifa za kazi ni juu ya mwajiri, wala si kazi ya jaji kuzipanua.

Ndugu zangu, fundisho ni hili: jaji hapimi uzito wa cheti. Huuliza nani alikuwa na mamlaka ya kuamua, kanuni ilisemaje, na kama ilifuatwa. Kwa hiyo suala la ulinganifu humalizwa kabla ya kuomba kazi, na humalizwa kwa maandishi.

Hapa kwetu wenye mamlaka hayo wanajulikana. Aliyesoma sekondari nje ya nchi aende Baraza la Mitihani. Mwenye shahada ya nje aende Tume ya Vyuo Vikuu. Mwenye stashahada aende Baraza la Elimu ya Ufundi na Mafunzo ya Ufundi Stadi. Matangazo ya Sekretarieti ya Ajira huwaagiza waliosoma nje wahakikishe vyeti vyao vimeidhinishwa na vyombo hivyo. Kijana anayeanza kuitafuta barua hiyo baada ya kuitwa kwenye usaili amekwisha chelewa.

Sasa nawageukia wenzangu wa utumishi, maana hapa tupo wengi. Si haki kumtwisha mwombaji mzigo wote. Tukiandika "inayolingana" bila kusema inalingana na nini, na kwa uamuzi wa nani, tunaotesha kesi. Tena kipimo kipya kisirudishwe nyuma. Serikali ilianza kutaka elimu ya kidato cha nne kwa waajiriwa wapya tarehe 20 Mei 2004. Hata hivyo, wakati wa uhakiki, baadhi ya watumishi wa darasa la saba walioajiriwa kabla ya tarehe hiyo waliondolewa kazini. Mwaka 2018 Serikali iliagiza warejeshwe. Agizo lilikuwa la haki, lakini fikirini miezi ile bila mshahara, na watoto wanaodaiwa sare na madaftari.

Ndugu Mwenyekiti, natoa pendekezo moja. Kila mwaka chama chetu kimtume mmoja wetu aje azungumze na wanafunzi wa kidato cha sita kabla hawajachagua vyuo. Awafundishe kuuliza maswali matatu: chuo hiki kinatambuliwa na nani? Cheti chake kinalingana na kipi? Kazi ninayoitaka inadai cheti gani hasa? Maswali hayo hayagharimu hata senti moja, lakini asiyeyauliza mapema huweza kuyalipia kwa miaka mitatu ya masomo.

Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari. Elimu nayo ni mali.