Huruma ya Sheria kwa Mkosaji wa Mara ya Kwanza
(Hotuba iliyosomwa mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka)



Twashukuru kupewa nafasi ya kusema juu ya sheria ya India kwa mtu aliyekosa mara ya kwanza. Jambo hili si geni kwetu, maana hata mwaka 1930 makosa ya Kenya yalihukumiwa kwa Kanuni ya Adhabu iliyotoka India.

Mwaka 1958 Bunge la India lilitunga sheria ya kuwaweka wakosaji chini ya uangalizi. Aliyeiba, naye hajapata kuhukumiwa kabla, aweza kuonywa na kuachiliwa. Kwa makosa mengine, yasiyo ya adhabu ya kifo wala kifungo cha maisha, hakimu aweza kumwachilia mtu kwa hati ya mwenendo mwema isiyopita miaka 3. Na hakimu amfungaye kijana wa chini ya miaka 21 sharti aandike sababu zake. Tena, tangu tarehe 1 Julai 2024, mwizi wa mara ya kwanza wa mali isiyofika rupia 5,000, akiirudisha au kulipa thamani yake, hupewa kazi ya kutumikia jamii.

Wako wasemao kwamba huku ni kuwadekeza wezi. Uchungu wa aliyeibiwa hatuudharau. Lakini korti yaweza kuamuru alipwe fidia, na mkosaji akivunja ahadi huitwa kupokea adhabu ya kosa lile la kwanza. Kijana akitiwa jela hulala pamoja na wezi waliokubuhu, akajifunza kwao asiyoyajua. Wahenga walisema: Kosa moja haliachi mke.

Hata hivyo, sheria hiyo ya 1958 yataka korti iridhike kwamba mkosaji, au mdhamini wake, ana makao maalum au kazi ya kudumu mahali pale. Basi vijana wawili waweza kuiba sawasawa: mwenye mjomba wa kumsimamia arudi nyumbani, na mgeni wa mji, alalaye barazani, aende kifungoni.

Wazee wetu, hapa kwetu pia afisa wa probesheni huwauliza jamaa na majirani habari za mkosaji. Twawasihi, mtakapoulizwa, msione haya kufika kortini kusema kweli, na kuwadhamini wale mwezao kuwaangalia, hata wasio wa mbari zenu.